Konjelateri zangu zimeandikwa kwa deni la shemeji: nifanye nini kabla ya mnada?

Swali: Metre, mwanasheria wetu, salamu. Ninakaa Katuba, hapa Lubumbashi, ninauza samaki na kuku wa barafu. Mdogo wa bwana yangu anakaa nasi, kwenye nyumba ya nyuma ndani ya parseli yetu (kiwanja chetu). Mwaka jana alichukua unga wa dola 4,500 kwa mfanyabiashara mmoja, hakulipa. Tribinali ya Biashara ikamhukumu, yeye hakufika hata siku moja. Jumatano wisie, yule afisa wa kutekeleza hukumu, alikuja na polisi wawili. Shemeji hakuwapo. Wisie aliandika konjelateri (friza) zangu mbili, jenereta, cherehani, televisheni, na moto (pikipiki) ambayo bwana yangu anabebea watu. Nilimwambia vitu si vya shemeji, akanijibu nitajieleza mbele ya hakimu. Ameacha karatasi, anasema vitauzwa. Bwana anataka tuhamishe konjelateri usiku, tuzipeleke kwa dada yangu Kasapa. Avoka (wakili) wa mdai naye amepiga simu: tukisaini kwamba tutalipa kidogo kidogo, ataacha. Na je, wisie anaweza kuja kubeba vitu saa yoyote? Tufanye nini?

Jibu: Mama, konjelateri zibaki pale zilipo. Ninaanza na hilo kwa sababu linaweza kuharibu leo usiku kazi yote itakayofuata. Tangu Jumatano kila kitu kilichoandikwa kwenye ile karatasi kimefungwa kisheria: hakiuzwi, hakitolewi zawadi, hakihamishwi, mwenyewe awe shemeji au wewe. Anayekihamisha anajiletea kesi ya jinai juu ya kesi ya madai, na onyo hilo linatakiwa liwe limeandikwa kwa herufi za kuonekana kwenye hati aliyokuachia wisie. Tena fikiria hakimu atakavyokuona. Utafika mbele yake kusema ni mali yangu na sina la kuficha, halafu avoka wa mdai asimame aseme konjelateri zimekutwa Kasapa, zilisafirishwa usiku. Kesi ambayo ungeweza kuishinda itakuwa imezama kwa safari moja ya gari la kukodi.

Kuzitumia, lakini, unaruhusiwa. Samaki wako wabaki ndani, wateja waendelee kuja. Ukilazimika kweli kusogeza kitu, tuseme umeme wa SNEL umekatika siku nyingi mtaani na mzigo utaoza, mdai aarifiwe kwanza kwa maandishi, aambiwe kitu kinakwenda wapi na kwa sababu gani, nawe ubaki na nakala iliyopokelewa na kusainiwa.

Sheria inayotawala mambo haya hatuitumii sisi peke yetu. Kongo iliingia OHADA, umoja wa nchi za Afrika zenye sheria moja za biashara, tarehe 12 Septemba 2012, na tangu hapo ukamataji wa mali ya mdaiwa unafuata Sheria ya Pamoja ya OHADA juu ya kudai madeni na utekelezaji wa hukumu, iliyopitishwa Libreville tarehe 10 Aprili 1998. Ilirekebishwa Kinshasa tarehe 17 Oktoba 2023, na toleo jipya linatumika tangu tarehe 16 Februari 2024. Ninakutajia tarehe hizo kwa sababu nakala za toleo la zamani bado zinazunguka mjini, na baadhi ya muda wa kuchukua hatua umebadilika. Ukimpata avoka, muulize anasoma toleo gani. Si utovu wa heshima, na avoka mzuri hatakasirika.

Sasa tutenganishe mambo mawili ambayo barua yako inayachanganya, kama karibu barua zote za namna hii. Kuna deni, na kuna mali. Wewe huna kazi ya kuthibitisha kwamba unga ulikuwa mbovu, kwamba bei ilizidishwa, au kwamba shemeji hakupata taarifa ya kesi. Hizo ni hoja zake yeye, nitazirudia kidogo chini. Hoja yako ni moja tu: vitu hivi si vya mdaiwa. Kila dakika utakayotumia mbele ya hakimu kumtetea shemeji inakuonyesha kama mtu aliyekuja kuziba deni la ndugu, na hicho ndicho avoka wa mdai anataka hakimu akione.

Wisie naye usimchukie bure. Anapoingia mahali mdaiwa anapokaa, anachokikuta humo kinachukuliwa kuwa cha mdaiwa mpaka mtu aonyeshe kinyume, na yeye si hakimu wa umiliki. Alipokuambia utajieleza mbele ya hakimu alikuwa anasema ukweli. Kitu ambacho alitakiwa kufanya ni kuandika kwenye hati kwamba mke wa mwenye parseli alikuwapo na alidai vitu ni vyake. Isome hati yako yote, hasa mistari ya mwisho juu ya sahihi, inayoandikwa kwa haraka na kwa mkono. Kama maneno yako yamo, una mwanzo mzuri: ulidai siku ileile, hukungoja kupewa mawazo na mtu. Kama hayamo, andika leo barua fupi kwa wisie, ueleze ulichomwambia Jumatano, atie muhuri wa kupokea kwenye nakala yako.

Halafu kuna swali ambalo hukuniuliza, nalo lina uzito: aliingia kwa mlango gani? Unasema shemeji anakaa nyumba ya nyuma. Parseli za Katuba ninazijua: nyumba kubwa mbele, kiambatisho nyuma chenye mlango wake, na mara nyingi kibanda cha biashara kwenye ukuta unaotazama avenyu. Huyo mdaiwa makao yake ni kile kiambatisho. Nyumba kubwa ni makao ya watu wengine, wewe na bwana yako. Na mdai anapotaka kukamata mali ya mdaiwa iliyo ndani ya nyumba anamokaa mtu mwingine, sheria inamtaka apate kwanza idhini ya hakimu. Kuwa na hukumu dhidi ya shemeji hakutoshi. Kwa hiyo televisheni iliyokuwa sebuleni kwenu, na cherehani kama ilikuwa chumbani kwako, zilikamatwaje? Omba kuona idhini hiyo. Ikikosekana, avoka wako ana hoja ya pili juu ya ile ya umiliki. Kwa konjelateri hoja hii haitakusaidia sana ikiwa zilikuwa kwenye kibanda cha biashara, kwa kuwa ulinzi huo ni wa mahali pa kukaa na kibanda ni mahali pa kuuzia. Ndiyo maana ninataka mchoro. Chukua karatasi, chora parseli, weka kila kitu kilipokuwa Jumatano, na mlango wa kila nyumba. Hakimu hatakuja Katuba, mchoro ndio utakaomfikia.

Tuje kwenye vithibitisho, maana hapa ndipo kesi nyingi za namna hii zinapofia. Sheria inasema mtu anayedai kitu kilichokamatwa lazima aonyeshe, ndani ya ombi lenyewe, msingi wa umiliki wake. Asipoonyesha, ombi halipokelewi kabisa, hata kabla hakimu hajafika kwenye kusema ni la kweli au la uongo. Kuandika tu kwamba vitu ni vyangu na majirani wote wanajua hakufiki popote. Kila kitu kitajwe peke yake, na chini yake karatasi yake.

Anza na konjelateri. Vaa nguo ya kazi, isogeze kidogo kutoka ukutani, chukua tochi. Nyuma, chini karibu na mota, kuna kibati au karatasi iliyogandishwa yenye jina la kiwanda, aina, na namba ya mfululizo. Piga picha ambayo namba inasomeka. Sasa tafuta faktire. Ikiwa na namba hiyohiyo na jina lako, kitu hicho umeshakipigania nusu ya safari. Lakini ninajua faktire za mjini kwetu: nyingi zimeandikwa konjelateri moja, bei, na muhuri, bila jina la mnunuzi wala namba. Usiitupe. Rudi dukani ulikonunua, omba waangalie daftari au kile kishina cha kitabu cha faktire kilichobaki kwao, wakupe nakala. Kishina kilichoandikwa siku ya mauzo kina nguvu kuliko cheti kizuri kilichopigwa mashine wiki hii. Ukipewa cheti kipya kwa kukosa kingine, kisainiwe na aliyeuza mwenyewe, aeleze lini, kwa nani na kwa bei gani, na kiwe na tarehe ya leo. Ninasema ya leo kwa makusudi. Atakuja mtu, pengine rafiki mwema kabisa, akushauri mwandike ya miaka miwili nyuma. Hiyo ni kughushi, mtu anafungwa kwayo, na avoka wa upande wa pili anahitaji kosa dogo tu, kwa mfano namba ya simu ambayo duka halikuwa nayo wakati huo, ili dosie (faili) yako yote ianguke pamoja na karatasi hiyo.

Karatasi nyingine huwa zimelala kwenye simu. Ulilipa kwa M-Pesa au Airtel Money? Ujumbe wa malipo una tarehe, kiasi na jina la aliyepokea, na kampuni inaweza kukutolea orodha ya malipo yako. Ulinunua kwa zamu yako ya likelemba, mchango wa kupokezana? Mama anayeshika daftari la likelemba aje na daftari, aonyeshe tarehe uliyopokea, na iwe siku chache kabla ya tarehe ya faktire. Picha ya siku konjelateri iliposhushwa, ile uliyoweka kwenye status, bado iko kwenye simu ya mtu fulani. Mtafute. Fundi aliyebadilisha mota mwaka jana na kukuandikia risiti kwa jina lako anafaa pia, kwa sababu hakuna anayelipa fundi kwa kitu cha jirani. Na patente (kibali cha biashara ndogo) au karatasi yoyote ya komine (manispaa) inayoonyesha kwamba mwenye biashara ya samaki pale ni wewe iwe juu ya rundo: duka likiwa lako, konjelateri za duka zina sababu ya kuwa zako.

Kinachotafutwa katika vyote hivyo ni tarehe. Hakimu anajiuliza kama karatasi hii ilikuwapo kabla ya deni kuleta shida au imezaliwa baada ya wisie kubisha hodi. Ninakubali kupeleka mbele yake risiti chafu iliyokunjwa mara nne, yenye alama ya mafuta ya samaki na tarehe ya zamani, kuliko vyeti vitano visafi vya mwezi huu.

Ombi linapelekwa kwa hakimu wa utekelezaji, yaani rais wa tribinali au hakimu aliyemteua kwa kazi hiyo. Kwa kuwa hukumu ilitoka Tribinali ya Biashara ya Lubumbashi, kwa kawaida ni huko unakoanzia. Grefe, ofisi ya karani wa tribinali, watakuambia gharama za kuweka, dai risiti ya kila kitu. Wito utapelekwa na wisie, mwingine akiwezekana, kwa mdai, kwa shemeji ambaye ndiye mdaiwa, na kwa aliyeachiwa kulinda vitu kama ametajwa mtu. Mmoja akisahaulika kesi inaahirishwa, na kuahirishwa kunawanufaisha wengine kuliko wewe. Wala usiambiwe kwamba mke hawezi kwenda tribinali bila idhini ya bwana. Hilo lilikuwa kwenye Kanuni ya Familia ya mwaka 1987, na marekebisho ya tarehe 15 Julai 2016 yaliliondoa. Konjelateri ni zako, ombi liwe kwa jina lako.

Faida kubwa ya kuwahi ni hii: ombi linalohusu umiliki halifuti ukamataji, ila linasimamisha mnada kwa vile vitu unavyovidai mpaka hakimu aamue. Vingine vinaendelea. Wito ukishawafikia, mpe nakala wisie anayeandaa mnada, mkononi, na apokee kwa muhuri. Usidhani atasikia mwenyewe. Uamuzi ukitoka kinyume chako una siku 15 za kukata rufaa, na njia ya mwisho kabisa katika mambo ya OHADA iko Abidjan, kwenye mahakama yao ya pamoja. Kwa konjelateri mbili sitamshauri mtu kufika huko.

Ukichelewa mpaka vitu vimeuzwa, mlango huo umefungwa. Utabaki na kesi ya kudai mali kwa njia ya kawaida, ndefu, dhidi ya mtu aliyenunua hadharani na kulipa. Au udai bei, ikiwa fedha za mnada bado hazijagawiwa. Kati ya leo na siku hiyo kuna muda, kwa sababu mdaiwa anapewa kwanza nafasi ya kuuza mwenyewe kwa maelewano, na muda wake umeandikwa kwenye hati. Jihadhari hapo: shemeji akitumia nafasi hiyo kuuza konjelateri zako kwa bei ya kutupa ili apunguze deni lake, nani atamzuia? Mwandikie yeye pia.

Moto ya bwana yako ni habari nyingine, na inaniogopesha kuliko konjelateri. Karatasi rozi, kadi ya umiliki wa moto, iko kwa jina la nani? Moto nyingi za manseba (madereva wa pikipiki za kubeba watu) hapa mjini zimenunuliwa mkono wa pili au wa tatu, na jina lililoandikwa ni la mtu aliyekwisha kuhamia Likasi au Kolwezi. Ikiwa ni hivyo, hati ya mauzo aliyoandikiana na muuzaji inatakiwa, afadhali iliyohalalishwa komine siku ile. Ikiwa iko kwa jina la shemeji kwa sababu mlimtuma yeye kwenda kuinunua, mwambie avoka wako leo, kabla hajaandika lolote. Mwenye kuidai mbele ya hakimu ni bwana, kwa jina lake na kwa vithibitisho vyake. Msiweke moto kwenye orodha yako kwa ajili ya kuokoa gharama ya ombi la pili, kwa kuwa utaulizwa umeinunua lini na utakosa jibu.

Ningekuwa na jibu tofauti kama mdaiwa angekuwa bwana yako mwenyewe. Watu waliooana bila kuchagua namna ya kumiliki mali wanahesabiwa kuwa katika ushirika wa vile walivyochuma baada ya ndoa, na hapo mdai ana mengi ya kusema juu ya konjelateri iliyonunuliwa mkiwa pamoja. Deni la mdogo wake halina njia hiyo. Tunasikia kwenye vikao kwamba mali ya ukoo ni moja. Kwenye tribinali kila mtu anajibia deni lake.

Ndiyo maana ile simu ya avoka wa mdai ninaitazama kwa jicho kali. Kuzungumza naye si vibaya. Mimi mwenyewe mara nyingi naanza huko: ninapeleka faktire, ninaonyesha namba, na mdai mwenye akili anaona kwamba atapoteza miezi kwa vitu ambavyo hatavipata, anakubali kuviachia. Akikubali, aandike kwamba anaondoa ukamataji kwa vitu hivi na hivi, asaini, na wisie aarifiwe rasmi. Ahadi ya simuni haina kazi. Lakini yeye hakukuita kwa ajili ya hilo. Anataka wewe na bwana msaini kwamba mtalipa kidogo kidogo. Siku mtakayosaini, deni la shemeji limekuwa lenu pia, na mwezi mtakaoshindwa kulipa wisie atarudi akiwa na karatasi yenye majina yenu, na safari hiyo faktire zako hazitakusaidia kitu. Soma kichwa cha hati, halafu tafuta neno “s'engage” (anajifunga) au “caution” (mdhamini). Ukiliona, weka kalamu chini. Bwana akitaka kumsaidia mdogo wake kwa hiari, ampe fedha mkononi, na aliyedaiwa aende kulipa mwenyewe, risiti itoke kwa jina lake. Na hakuna fedha inayopewa wisie mlangoni bila risiti, hata awe mpole namna gani.

Ukimwonyesha mdai vithibitisho vya kutosha, akakataa, akalazimisha mnada, unaweza kumdai fidia kwa hasara ya biashara kwa kifungu cha 258 cha Kanuni ya Madai, kitabu cha tatu, kile kinachomtaka aliyesababisha hasara kwa kosa lake airekebishe. Weka basi hesabu ya mauzo yako ya kila siku tangu sasa.

Shemeji naye asikae akikuangalia unahangaika. Ana milango ambayo wewe huna. Kabla ya kukamata vitu wisie lazima awe amempelekea amri ya kulipa, juu imeandikwa “commandement”, angalau siku 8 kabla, ikionyesha hukumu inayotumika na mchanganuo wa deni, gharama na riba. Muulize kama aliipokea. Atasema hapana; muulize tena, mara nyingi imelala chini ya godoro. Kama kweli haikumfikia, anaweza kuomba ukamataji wote ufutwe, mradi afanye hivyo kabla ya mnada, na ajiandae kueleza kosa hilo limemdhuru vipi. Vilevile hati ya kukamata inatakiwa ieleze vitu kwa undani: iliyoandika tu vifaa mbalimbali vya nyumbani ina kasoro. Kuna pia vitu ambavyo sheria yetu ya mwenendo wa madai haimnyang'anyi hata mdaiwa mwenyewe, kama kitanda cha familia, nguo, chakula cha mwezi, na kwa kadiri fulani vyombo vya kazi ya fundi. Hukumu iliyotolewa bila yeye kufika inaweza bado kupingwa, kutegemea ilimfikia lini na mikononi mwa nani. Na kama deni analikubali, ila hana fedha, anaweza kumwomba hakimu muda wa kulipa kwa awamu hadi mwaka mmoja, ikiwa deni halikuandikwa kwenye hati za biashara kama treti, hati ya kulipa kwa tarehe iliyopangwa. Ombi hilo, likiambatana na malipo ya kwanza ya kweli, linatuliza wadai wengi kuliko hoja zote za wanasheria.

Kama hamna fedha za avoka, Baro, chama cha mawakili, ina ofisi ya ushauri wa bure, na komine inatoa cheti cha kutojiweza kinachopunguza gharama za tribinali. Nenda ukiwa na hati ya Jumatano, mchoro, picha za vibati na faktire, vikiwa vimepangwa kitu kwa kitu.

Huenda mkatishiwa polisi. Deni la unga si kosa la jinai, hakuna anayelala mahabusu kwa kushindwa kulipa. Wadai wengine hulivisha nguo ya utapeli au ya kuvunja uaminifu ili mtu aitwe na kutishwa. Shemeji akipokea wito wa namna hiyo aende na avoka, asikimbie. Wewe huna la kujibu huko.

Kuhusu swali lako la mwisho: hapana, wisie haji saa yoyote. Usiku, Jumapili na sikukuu hana ruhusa ya kuanza kazi hiyo, isipokuwa hakimu amemwandikia idhini maalumu kwa sababu ya ulazima; na idhini ya usiku ni kwa mahali pasipokaliwa na watu tu, si kwa nyumba ya kukaa. Akibisha hodi wakati huo, omba kuiona idhini kabla ya kufungua lango, isome kwa taa, piga picha. Akiwa nayo, nayo inaruhusu saa hiyo na mahali hapo, mfungulie na umpigie avoka wako. Akiwa hana, mwambie kwa upole arudi kesho mchana, na uandike saa aliyokuja na majina ya majirani waliomwona.